Buck Rogers Aliharibika Siku Walipomtoa Duniani

Wadau, leo nagusa tamthilia ya zamani, na najua wazee wa muvi za anga mtanijia juu. Poa tu, njooni.

Buck Rogers in the 25th Century ilianza kurushwa na NBC kule Marekani mwaka 1979. Kwa ambao hamjaicheki: Kapteni William "Buck" Rogers ni rubani anayerushwa angani mwaka 1987. Mambo yanaenda kombo, anaganda kwa baridi ndani ya chombo chake, na anakuja kuamka miaka 504 baadaye. Jamaa hajazeeka hata kidogo, ila kila mtu aliyemjua keshakufa zamani.

Wengi wakiiongelea wanakumbuka vituko tu. Nguo za kubana za Kanali Wilma Deering. Twiki, kiroboti kifupi chenye sauti ya Mel Blanc, yule yule wa Bugs Bunny. Binti mfalme Ardala anayemtaka Buck kwa nguvu. Stelingi mwenyewe, Gil Gerard, kwenye dhifa ya kifalme anawaonyesha watu disko! Inachekesha, sikatai.

Ila mimi nasema kilichoibeba ile kitu ni msiba. Kwenye ile muvi ya mwanzo, iliyoonyeshwa kwenye majumba ya sinema kabla ya kuhamia kwenye TV, Buck anatoka nje ya jiji jipya la New Chicago na kwenda kwenye magofu ya Chicago ya zamani. Dunia ilishaunguzwa na vita ya nyuklia. Anafika makaburini, anakuta kaburi la familia yake. Hapo utani wote unakata.

Ukishaona hapo, masihara yake yote unayasikia tofauti. Anaongea misemo ya mtaani ya karne ya 20, watu wanamtolea macho. Anayeidaka ni Twiki. Yaani lugha yako ya kijiweni, mtu wa kupiga nayo stori kabaki roboti! Halafu kuna A Dream of Jennifer, anamwona mwanamke anayefanana kabisa na mpenzi aliyemwacha 1987. Kuna na Happy Birthday, Buck, marafiki wanamwandalia sherehe ya kushtukiza kwa sababu wanaona jamaa kakumbuka kwao. Aliyewahi kukaa mbali miaka mingi, akarudi akakuta bibi keshazikwa na kijiwe kimegeuka ghorofa, anaelewa.

Sasa uje msimu wa pili, 1981. Watayarishaji wakampakia Buck kwenye meli ya anga inaitwa Searcher, kazi ikawa kuzunguka kutafuta binadamu waliotawanyika baada ya vita. New Chicago kwaheri. Dkt. Huer haonekani, Dkt. Theopolis haonekani. Hata Wilma, aliyekuwa anaongoza ulinzi wa Dunia na kutoa amri, akapoozwa.

Mtasema Star Trek nao walikuwa wanazunguka. Ndiyo, lakini Kirk ana kwao, akiamua kurudi anarudi. Kwa Buck, kwao ndiko kwenye kidonda. Kila akitembea New Chicago anakanyaga juu ya mji uliokufa. Mtoe pale, anabaki rubani kama rubani mwingine, hata angezaliwa karne ya 25 stori isingebadilika.

Najua mtanitajia Hawk. Sawa, Thom Christopher aliua pale. Ila jiulizeni kwa nini Hawk anagusa: watu wake wameuawa, na anatafuta kama kuna wengine waliobaki. Mnaona walichofanya? Kidonda cha Buck wakamvika mtu mwingine, Buck mwenyewe wakamwachia ngumi na tabasamu.

Aprili 1981 ikafungwa. Wapo wanaolaumu mgomo wa waigizaji wa 1980 uliochelewesha msimu ule. Mgomo ulichelewesha tu, haukumhamisha mtu kwenye meli.

Kwa hiyo akitokea mtu wa kuirudisha leo, hela za mavyombo na milipuko apunguze. Ampe Buck mji wenye makaburi yake, na watu wa kujaribu kuishi nao. Vituko vitakuja vyenyewe.

Haya, timu Searcher, jiteteeni. Ni sehemu gani ya msimu wa pili ilimpa Buck sababu ya kuwa mtu wa 1987?