Mwalimu asihukumiwe kabla ya kusikizwa

Mwalimu wa Eldoret anapopokea barua ya kusimamishwa kazi, aghalabu mtaa mzima huwa umekwisha kumhukumu. Ilhali Ibara ya 236 ya Katiba ya 2010 yakataza mtumishi wa umma kufutwa, kuteremshwa cheo au kuadhibiwa pasipo kufuata sheria. Nayo sheria ya mwaka 2015 kuhusu haki katika maamuzi ya utawala yataka apewe ushahidi utakaotumiwa dhidi yake. Kuitwa mbele ya kamati bila kuuona ushahidi huo si kusikizwa. Ni kwenda kusomewa hukumu.

Wapo wasemao kwamba haki hizi zawakinga walimu wanaowadhulumu wanafunzi. Hofu hiyo ina msingi. Watoto wetu wameumizwa. Lakini pupa ndiyo hasa inayomwokoa mkosaji. Akifika katika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Leba, papa hapa Eldoret, adhabu yaweza kutanguliwa kwa dosari ya utaratibu tu, na mwanafunzi aliyelalamika abaki bila jibu.

Tume ya Huduma za Walimu (TSC) na ihakikishe kwamba kila mshtakiwa apata nakala za ushahidi mapema, na rufaa isiwe kulifungua faili lile lile na kulifunga tena.