Kushinda Kesi na Kukosa Fedha

Tuchukue mfano wa fundi seremala wa Njoro anayeidai halmashauri malipo ya madawati. Kabla ya marekebisho ya sheria ya mwaka 2020, notisi yake ingekuwa ya siku 30, na deni dogo lingesikilizwa katika mahakama za chini. Sasa Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5, inamtaka atoe notisi ya siku 90, amuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali na afungue shauri Mahakama Kuu, hata kama anadai shilingi laki nane. Heri yeye, Mahakama Kuu ipo Moshi mjini. Mwenzake wa Same ataongeza nauli.

Tuseme ameshinda. Sheria hiyohiyo inazuia kukamata mali ya halmashauri. Gari la mkurugenzi haliguswi. Nakubali kwamba dalali wa mahakama hapaswi kubeba vitanda vya zahanati. Lakini kinga hiyo ilipaswa kuambatana na ukomo wa siku za kulipa baada ya hukumu, pamoja na fungu la madeni katika bajeti. Bila hayo, mshindi anasubiri hiari ya aliyeshindwa. Madiwani waulizwe kuhusu fungu hilo kabla baraza halijapitisha makisio.