Imetupwa Wapi?

Ndugu zangu wa Mwatate, Bura, Ronge na Chawia,

Juzi nilikuwa nimeketi kwenye korido ya mahakama moja ya kaunti yetu. Karani alisimama mlangoni akaita jina mara tatu. Kimya. Mdaiwa alikuwepo, na wakili wake. Saa nne na nusu ndipo mzee mmoja akaingia akihema, vumbi hadi magotini, bahasha ya kaki kaikumbatia kifuani.

"Kesi yako imetupwa, mzee."

"Imetupwa wapi, mwanangu?"

Watu wakacheka. Nami nilicheka, na hadi leo naona haya.

Shamba alilokuwa akilidai, mbuzi waliouzwa kulipia ada, nauli za miaka: vyote vilizama kwa sababu matatu ilikaa stejini ikingoja abiria wawili. Hakuna aliyesema mzee hana haki. Hakuna hata aliyefungua ile bahasha.

Sababu tunazijua: nauli, ndovu shambani usiku kucha, wakili asiyeshika simu, tarehe iliyosogezwa bila mtu kuambiwa. Lakini sheria tunaijua? Kanuni za Mashauri ya Madai za 2010, Agizo la 12: pande zote zikikosa, kesi yaweza kufutwa, lakini mlalamishi anaweza kufungua nyingine kama muda wa kisheria haujapita. Kesi ikiitwa nje ya mahakama, mdaiwa yupo na anakana dai lote, nawe mlalamishi hupo, itafutwa isipokuwa kuna sababu nzuri, na huwezi kufungua nyingine kwa jambo lilelile. Mlango unaobaki ni kuomba amri hiyo iondolewe. Katiba, Kifungu cha 159, yataka haki isibanwe mno na taratibu. Sawa, lakini Katiba haitakuamsha alfajiri.

Namlaumu wakili anayepokea pesa ya mjane kisha akamwacha gizani. Lakini zaidi natulaumu sisi watoto. Simu zetu zina bando la kutazama vichekesho usiku mzima, wala hatuitafuti kwenye tovuti ya Mahakama orodha ya kesi za kesho tuone kama jina la baba limo. Harusi tunaichangia, matanga tunayachangia. Nauli ya kwenda kudai shamba la ukoo tunamwachia kikongwe peke yake!

Basi tubadilike. Tarehe ya kesi iandikwe kwa kalamu nene kwenye kalenda ya ukutani. Itangazwe kwenye chama, kanisani, msikitini. Anayetoka mbali alale kwa jamaa aliye karibu na mahakama. Viongozi nao wafanye sehemu yao.

Na ikishafutwa, tafadhali, usirudi nyumbani kulia. Nenda masjala siku hiyohiyo ukiweza, uombe nakala ya amri, upeleke ombi na kiapo pamoja na ushahidi wa kilichokuzuia: kadi ya hospitali, tiketi, chochote. Hakimu ataangalia sababu yako, na pia ulichukua siku ngapi kurudi. Ukingoja mwaka mzima, utasema nini?

Mzee yule nilimfuata hadi nje. Tumekubaliana kwenda masjala Jumatatu. Saa kumi na mbili asubuhi nitakuwa steji ya Mwatate, na matatu isipojaa tutalipia viti vilivyobaki. Mwenye kesi siku hiyo aje tupande pamoja.