MKOPO WA NYUMBA: FUNGUA MACHO, KIJANA!

Ndugu msomaji, wewe kijana wa Manundu pale Korogwe, na wewe wa Chanika, Handeni, shika kalamu. Yupo bwana mkubwa wa tai anayekwambia "nyumba kwa malipo nafuu". Nafuu ya nani?

Chukulia mkopo wa shilingi milioni 50, riba asilimia 17 kwa mwaka, miaka 20. Kila mwezi utalipa kama 733,000. Mwezi wa kwanza, 708,000 ni riba tupu. Deni linapungua kwa 25,000 tu! Ukija kumaliza umelipa milioni 176. Nyumba moja yako, mbili na nusu za benki!

Ukijikaza ulipe kwa miaka 10, ni kama 869,000 kwa mwezi, jumla milioni 104. Yaani 136,000 za ziada kila mwezi zinakuokolea milioni 72. Hilo bwana wa tai halisemi.

Na serikali ya CCM? Benki ya Nyumba, THB, iliwafia mikononi mwaka 1995. Mwaka 2008 wakapitisha sheria iliyoirahisishia benki kuuza nyumba ya mdaiwa. Haraka ya kumuuzia mlalahoi nyumba yake wanayo. Ya kumpimia kiwanja na kumpa hati hawana!

Kabla hujatia sahihi, uliza: "Jumla mpaka mwisho ni shilingi ngapi?" Akibabaika, inuka uondoke. Na siku ya kura, wakubwa nao waulize hesabu yao.