Kivuli kwanza, feni za ukungu baadaye

Usiku wa Septemba 27, 2019, jijini Doha, wanawake 68 walijipanga kuanza marathoni ya ubingwa wa dunia dakika moja kabla ya saa sita. Mchana haukufaa. Hata usiku huo joto lilikuwa nyuzi 32, na unyevu hewani ulipita asilimia 70. Ruth Chepngetich wa Kenya alitwaa dhahabu, lakini wenzake 28 hawakumaliza.

Mashindano mengi ya ubingwa huo yalifanyika Uwanja wa Khalifa, uliopozwa kwa hewa baridi ingawa katikati yake uko wazi. Basi inawezekana kupoza mahali pasipo na kuta. Ila baridi hiyo inaishia getini, na umeme wake unalipiwa kila dakika.

Waliokwenda kuzuru Madina wameona njia yenye busara zaidi. Uani kwa Msikiti wa Mtume kuna miavuli 250, kila mmoja ukiwa na zaidi ya mita 25 kila upande, kazi ya msanifu Mjerumani Mahmoud Bodo Rasch. Mchana hukunjuliwa kwa mitambo inayoongozwa na kompyuta. Usiku hukunjwa, na joto lililonaswa na marumaru mchana kutwa linapata njia ya kupanda angani. Mti nao hutoa kivuli, ila hauwezi kujikunja hivyo, na hapo teknolojia inastahili sifa. Zipo pia feni zinazonyunyiza ukungu wa maji, nazo ndizo wengi hupenda kupiga picha. Lakini kinachomkinga mtu na jua ni mwavuli.

Feni hizo sasa zinapigiwa debe kwa wenye hoteli na migahawa, na hapa pwani ndipo penye kasoro. Ukungu hupoza kwa sababu maji yakigeuka mvuke huchukua joto la hewa. Madina hewa ni kavu, maji hukauka upesi. Mombasa, Unguja au Dar es Salaam hewa yenyewe tayari imebeba maji; matone yatatua juu ya meza, kwenye miwani na juu ya chapati ya mteja. Dodoma wakati wa kiangazi, au Garissa, mambo ni tofauti.

Muuzaji atatoa simu aonyeshe programu inayowasha kila kitu kwa kidole. Aulizwe swali moja: kihisi chake kinapima unyevu, au joto peke yake? Kikipima joto tu, kitamwaga maji saa ambayo watu wanahitaji upepo. Pwani, feni ya kawaida inayojiwasha mtu akikaa na kujizima akiondoka itafaa zaidi, kwa gharama ndogo.

Nazo halmashauri zinazokata mikungu na miarobaini kupisha maegesho ya magari, kisha zikazungumzia miji ya kisasa, zianze kwa kuirudisha miti hiyo na kivuli chake.