Mwandiko Usiofuata Mstari na Swali la Mama Mmoja



Likizo iliyopita nilikuwa parokiani kwa mazoezi ya kichungaji. Jioni moja, baada ya sala ya jumuiya, mama mwenye nyumba alinisindikiza hadi barabarani. Mwanawe wa miaka tisa ana selimundu, na juma lile alikuwa ametoka hospitali kwa mara ya tatu tangu mwaka uanze. Mama akaniuliza: “Frateri, Mungu alijua kwamba huyu mtoto atateseka hivi? Kama alijua, kwa nini alinipa?” Nimesoma teolojia, lakini mdomoni halikuja neno. Nikamwambia tusali. Tukasali, nikaondoka, na swali likaondoka nami.

Njia ya kulikaribia swali lile nimeipata mahali ambapo sikutegemea, yaani katika hadithi ya kubuni. Mwandishi Mmarekani Ted Chiang aliitoa mwaka 1998 kwa jina la “Story of Your Life”, na mwaka 2016 ikatengenezewa filamu iitwayo Arrival. Viumbe wenye miguu saba wanafika duniani kutoka anga za mbali, na mtaalamu wa lugha, Louise Banks, anaitwa ajifunze lugha yao. Kinachomshangaza zaidi ni mwandiko wao.

Sisi tunaandika kwa mstari. Kiswahili cha leo kinatoka kushoto kwenda kulia. Wazee wa pwani walikiandika kwa herufi za Kiarabu, kutoka kulia kwenda kushoto. Vyovyote vile ni neno baada ya neno, na mtu anaweza kuanza sentensi bila kujua ataimalizaje. Mwandiko wa viumbe wale hauna mstari. Sentensi nzima ni umbo moja lililosukwa kama mkeka. Katika filamu linaonekana kama duara la wino. Mchirizi mmoja unapita katika maneno kadhaa kwa pamoja. Kwa hiyo mwandishi hawezi kuanza kabla ya kuijua sentensi yote hadi mwisho.

Louise anapoizoea lugha ile, naye anaanza kuyaona maisha yake hivyo hivyo, mwanzo na mwisho kwa pamoja. Anajua atazaa binti. Anajua pia kwamba atamzika binti huyo angali kijana. Siku anapoulizwa kama anataka mtoto, anakubali.

Nilipofika hapo niliifunga hadithi kwanza, nikafungua Summa Theologiae ya Mtakatifu Thomas wa Akwino, sehemu ya kwanza, swali la 14. Anatoa mfano wa mtu atembeaye barabarani: hawaoni wanaokuja nyuma yake. Lakini aliye juu mlimani anawaona wasafiri wote kwa mara moja. Ndivyo Mungu anavyouona wakati. Kwake hakuna “bado” wala “zamani”. Yote yako mbele yake. Na anayemwona msafiri toka mlimani hamsukumi. Msafiri anatembea kwa miguu yake mwenyewe.

Hapa ndipo hadithi na imani yetu zinapoachana. Kwa Chiang, mwenye kujua yajayo anayatimiza tu, kama mwigizaji asomaye maneno aliyokwisha kuandikiwa. Sisi tunasadiki kwamba Mungu anaiona “ndiyo” yetu ikiwa huru kweli kweli. Basi tusimwambie mama yule kwamba Mungu alimwandikia mwanawe maumivu ili yatimie. Selimundu ni ugonjwa wa kurithi, umepita katika damu ya wazazi wawili wasiojua. Mungu hakuanza kwa kuuona ugonjwa, akamfikiria mtoto baadaye. Alimwona mtoto mzima, na kicheko chake, na ubishi wake wa kutotaka kunywa dawa, akampenda. Tena Mungu huyohuyo aliijua Kalvari, na bado Neno alifanyika mwili.

Kwa maoni yangu, somo hili tunalihitaji sana siku hizi. Waamini wetu wengi wanalipa fedha kwa waganga, na kwa wale wanaojiita manabii, ili wasomewe kesho yao. Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba ya 2116, inakataza kila aina ya uaguzi. Lakini tusiwanyooshee vidole waamini peke yao. Nasi mafrateri tunayo namna yetu ya kuagua. Tunataka kwanza tuhakikishiwe kwamba tutadumu, kwamba hatutachoka, kwamba upweke hautatushinda, ndipo tuseme ndiyo. Nakiri kwamba miaka miwili sasa na mimi nasubiri uhakika huo. Haujaja, na sidhani kama utakuja. Bikira Maria hakuonyeshwa msalaba siku ile Nazareti. Aliambiwa machache, akauliza swali moja, akakubali.

Tena hadithi ya Louise inatuonya: kuijua kesho hakukumpunguzia mzigo hata kidogo. Kilichomwezesha kuubeba ni upendo.

Kuna neno moja ambalo mama yule alilisema tulipokuwa tukiagana, nami usiku ule nililipita bila kulisikia. Alisema: “Lakini hata ningejua, ningemzaa tu.” Leo naona kwamba alijijibu mwenyewe. Kama mama mwenye dhambi na uchovu, asiyelala usiku, anaweza kusema hivyo juu ya mwanawe, Mungu aliyemuumba atasema nini?

Nasi Wakatoliki tunao mwandiko usiofuata mstari. Katika mkesha wa Pasaka, padre anachora msalaba kwenye mshumaa: juu yake Alfa, chini yake Omega, na katika pembe nne za msalaba tarakimu nne za mwaka. Ukiutazama, mwanzo na mwisho unaviona kwa pamoja, na mwaka wetu umo katikati, umeshikwa na msalaba. Hata mwaka ule ambao mtoto alilazwa mara tatu umo mle.

Tumwombee mtoto yule na mama yake. Na wewe, frateri mwenzangu, unayesubiri kuijua kesho ndipo uanze, tuanze.