Sheria inamlinda pia mwalimu wa shule binafsi



Nchini Tanzania, mwalimu, mpishi au mlinzi wa shule binafsi hawezi kufukuzwa kihalali kwa hasira tu za mwenye shule. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inamlinda aliyetimiza miezi 6 kazini, na mwajiri ndiye anayepaswa kuthibitisha kuwa sababu ni ya haki na utaratibu umefuatwa. Ujauzito si sababu.

Kichaka cha waajiri wengi ni mkataba wa mwaka mmoja mmoja, unaoachwa ufe Desemba shule zikifungwa. Hata hapo, kumnyima mkataba mpya mtu aliyekuwa na msingi wa kuutarajia huhesabiwa kuwa ni kumwachisha kazi. Inasikitisha kwamba wengi hunyamaza. Malalamiko hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 30.